Ugomvi wa Kiwanja Mombasa: Namna ya Kuiendea Mahakama Kabla ya Watu Kuumizana

Usiku alama nyekundu ya X imechorwa ukutani. Asubuhi kijana usiyemjua anapita akisema mwenye shamba amewapa siku saba. Jioni vijana wa mtaa wameshaanza kukusanyika nyuma ya msikiti, kila mmoja na lake mkononi, wakisema atakayekuja na tingatinga atakiona. Wakaazi wa Kisauni, Likoni, Changamwe na Majengo hawahitaji kusimuliwa mambo haya.

Mwongozo huu ni wa siku kama hiyo. Nimeuandika kwa sababu watu wengi huenda kortini wakiwa wamechelewa, na wengine huenda mapema lakini wakauliza swali lisilo la siku ile. Sheria ya Kenya ina njia za kuzuia ghasia kabla hazijatokea, na mtu wa kawaida anaweza kuzitumia. Kesi yako ikiwa na mambo mengi utahitaji wakili, ila hata wakili atakusaidia vizuri zaidi ukimfikia umeshajua unachotaka.

Kwanza: tenga maswali mawili

Kila ugomvi wa ardhi una maswali mawili, na watu huyachanganya.

La kwanza: ardhi hii ni ya nani? Hilo linaweza kuchukua miaka. Hapa Pwani swali hilo lina mizizi mirefu. Sheria ya Hati za Ardhi ya mwaka 1908 iliwataka wenye madai ya ardhi ya ukanda huu wayapeleke yasajiliwe, na ardhi ambayo haikudaiwa ikahesabiwa kuwa ya serikali ya kikoloni. Ndiyo sababu hadi leo mtu anaweza kuwa na makaburi ya babu zake mahali, na bado akaitwa skwota hapo hapo. Juu ya hayo kuna desturi yetu ya nyumba bila ardhi: nyumba ni yako, kiwanja ni cha mwingine, na kila mwezi unalipa kodi ya kiwanja.

Swali la pili ni dogo, lakini ndilo linalookoa maisha: ni nani anayekaa hapo leo, na kuna hatari gani ya watu kuumizana? Hilo hakimu au jaji anaweza kulishughulikia leo leo, bila kuamua nani mwenye ardhi.

Kifungu cha 90 cha Kanuni ya Adhabu kinaonyesha vizuri tofauti hii. Kinasema kuingia kwenye ardhi kwa nguvu ili kuimiliki ni kosa la jinai, iwe nguvu hiyo ni ya kupiga, ya vitisho, ya kuvunja nyumba, au ya kukusanya watu wengi kupita kawaida. Kisha kinaongeza jambo ambalo kila mwenye hati na kila asiye na hati anapaswa kulijua: haijalishi kama aliyeingia ana haki ya kuingia. Hati ya kumiliki ardhi haikupi ruhusa ya kuleta vijana thelathini na mapanga. Kifungu cha 91 nacho kinambana upande wa pili, yule anayekalia ardhi bila msingi wowote wa haki na kuizuia kwa namna inayoelekea kuvunja amani, dhidi ya mtu ambaye kisheria anastahili kuingia.

Basi kila hatua utakayochukua, jiulize: hapa naomba amani, au naomba ardhi? Siku za mwanzo, omba amani.

Pili: andika, piga picha, ripoti

Usisubiri wakili ndipo uanze kukusanya ushahidi. Piga picha za nyumba, ukuta, miti na mipaka kama ilivyo leo. Picha ya mnazi au mwembe mkubwa uani huonyesha umekaa hapo muda gani kuliko maneno mengi. Kusanya bili za stima na maji zenye jina lako, risiti za kodi ya kiwanja, kadi za kliniki za watoto zenye jina la mtaa, barua za zamani kutoka kwa chifu. Kama kuna video ya watu waliokuja kutisha, ihifadhi kwenye simu ileile iliyorekodi, usiifute hata ukishaituma kwa wengine. Mahakamani picha na video zinatakiwa ziambatane na cheti cha ushahidi wa kielektroniki, kwa mujibu wa kifungu cha 106B cha Sheria ya Ushahidi. Cheti hicho kinaeleza chombo gani kilitumika, kilikuwa mikononi mwa nani, na picha zilitolewaje. Watu wengi wamefika kwa jaji na picha nzuri sana zikawekwa kando kwa kukosa karatasi hiyo moja.

Kisha nenda kituo cha polisi. Hapa ndipo wengi hukwama, kwa sababu wakitaja neno ardhi tu, husukumwa mlangoni.

"Mama, haya ni mambo ya mashamba. Nenda kortini."

"Afande, sikuja kuuliza kiwanja ni cha nani. Nimekuja kuripoti kwamba jana magharibi watu sita walikuja na mapanga, wakasema Ijumaa hatutalala pale. Wawili nawajua kwa majina. Naomba iandikwe, nipewe nambari ya OB."

Sema hivyo na usitoke kwenye mstari huo. Kutisha kuua ni kosa la jinai, kuharibu mali kwa makusudi ni kosa, kuleta vurugu inayoelekea kuvunja amani ni kosa, na kifungu cha 90 nimeshakitaja. Yote hayo ni kazi ya polisi hata kama kesi ya ardhi iko mahakamani. Omba nambari ya OB, yaani namba ya ripoti yako kwenye kitabu cha matukio cha kituo, iandike pamoja na tarehe na saa. Ikiwa afisa wa zamu amekataa, muone mkuu wa kituo, na ukishindwa andika barua kwake, acha nakala ipigwe muhuri wa kupokelewa. Barua iliyogongwa muhuri mahakamani ina uzito wake.

Chifu na wazee wa mtaa waendee pia, lakini ujue mipaka yao. Chifu anaweza kuita baraza, kutuliza watu na kuandika barua kwamba anakujua na umekaa hapo miaka kadhaa. Hawezi kumtoa mtu kwenye ardhi, na hawezi kuamua hati ipi ni halali.

Tatu: jua namba ya kiwanja na historia yake

Fanya sachi rasmi, yaani omba rejesta ya kiwanja ikaguliwe, kwenye ofisi ya usajili wa ardhi. Mombasa, sehemu kubwa ya ardhi ya bara hutambulika kwa namba zinazoanza na MN, yaani bara ya kaskazini, au MS, bara ya kusini, na hati nyingi zina namba ya CR, yaani namba ya usajili wa hati. Bila namba hiyo, amri utakayopata haitamfunga mtu vizuri: mpinzani atasema amri ni ya kiwanja kingine, na polisi wataogopa kuitekeleza.

Kama una haki ya kudai juu ya ardhi hiyo, unaweza kuomba tahadhari iwekwe kwenye rejesta chini ya kifungu cha 71 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012, ili isiuzwe wakati ugomvi unaendelea. Tahadhari haizuii tingatinga, inazuia uhamisho wa hati tu. Wengi huzichanganya mbili hizi.

Ukikuta hati iko kwa jina la mwingine, usife moyo, na ukikuta iko kwa jina lako, usijivune. Mwaka 2023 Mahakama ya Juu iliamua kesi ya Dina Management dhidi ya Serikali ya Kaunti ya Mombasa, iliyohusu kiwanja cha ufukweni Nyali. Kampuni ilikuwa na hati mkononi, lakini mahakama ikasema hati iliyotokana na mgao usiofuata sheria wa ardhi ya umma hailindwi, hata kama aliyeishika baadaye aliinunua. Mahakama hutazama mzizi wa hati, si karatasi ya juu peke yake.

Nne: chagua mlango ulio sahihi

Mlango wa kwanza ni mahakama ya hakimu upande wa jinai, kwa ombi la bondi ya kudumisha amani (ahadi ya maandishi, yenye kiasi cha pesa, kwamba mtu hatavunja amani). Mlango wa pili ni kesi ya madai yenye ombi la zuio (amri ya kumkataza mpinzani kugusa kiwanja au nyumba), ambayo huenda Mahakama ya Mazingira na Ardhi iliyopo Mombasa, au kwa hakimu kama thamani ya ardhi iko ndani ya uwezo wake. Kwa mujibu wa Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya 2015, hakimu mkuu anasikiliza kesi zisizozidi shilingi milioni 20, na ngazi za chini yake zina viwango vyao hadi milioni 5 kwa hakimu mkaazi. Viwanja vya Mombasa vimepanda bei, kwa hivyo pata makadirio ya thamani kabla ya kufungua kesi. Ukifungua mahali pasipo na mamlaka, amri unayopata ni kama haipo, na utakuwa umepoteza wiki ambazo huna.

Mahakama ya Kadhi husikiliza mambo ya ndoa, talaka, hadhi ya mtu na mirathi kati ya Waislamu waliokubali mamlaka yake. Kwa hivyo kama ugomvi ni wa ndugu juu ya nyumba aliyoacha baba, na swali ni nani anarithi fungu gani, Kadhi ndiye. Lakini ikiwa jirani wa nje amevamia nyumba hiyo ya mirathi, hilo si la Kadhi.

Usifungue kesi mbili mahakama mbili juu ya jambo lilelile ukitarajia mmoja atakubali. Jaji akigundua, ataifuta na utaonekana mtu wa hila. Bondi ya amani na kesi ya zuio zinaweza kwenda pamoja, kwa sababu moja ni ya jinai na haiamui haki ya ardhi.

Tano: bondi ya kudumisha amani

Njia hii watu wengi hawaijui, na kwa maoni yangu inatumika kidogo mno. Iko kwenye Sheria ya Taratibu za Kesi za Jinai, kuanzia kifungu cha 43. Hakimu akipewa taarifa kwa kiapo kwamba mtu fulani anaelekea kuvunja amani, au kufanya kitendo kisicho halali kinachoweza kuleta uvunjaji wa amani, anamhoji mtoa taarifa kwa kiapo. Kisha anaweza kumtaka mtuhumiwa aje aeleze kwa nini asiamriwe kuweka bondi, yenye wadhamini au bila wadhamini, ya kukaa kwa amani kwa muda usiozidi mwaka mmoja. Lazima mtu huyo au mahali pa ugomvi pawe ndani ya eneo la mahakama hiyo.

Aghalabu polisi ndio wanaomfikisha mtu kwa hakimu. Ila kifungu kinataja taarifa kwa kiapo, hakikusema mtoa taarifa lazima awe polisi. Ukiwa na nambari ya OB, mashahidi wawili watatu na majina ya watu wanaotisha, mwombe mkuu wa kituo aipeleke, na akisita, wakili wako anaweza kuandaa ombi.

Hakimu ataandika amri inayoeleza kiini cha taarifa, kiasi cha bondi, muda wake na wadhamini wangapi. Atamwita mhusika kwa samansi. Lakini ikiwa ripoti ya polisi au taarifa nyingine inaonyesha hofu ya uvunjaji wa amani ambao hauzuiliki ila kwa kumkamata mtu mara moja, anaweza kutoa warranti. Baadaye kuna uchunguzi unaofanana na usikilizaji wa kesi: mashahidi wanatoa ushahidi, wanahojiwa na upande wa pili. Hakimu akiridhika, mtu anawekewa bondi. Akishindwa kuiweka, anaweza kupelekwa gerezani hadi aiweke au muda uishe. Akivunja amani ndani ya muda huo, bondi inataifishwa, na wadhamini wake wanaumia mfukoni.

Hapo ndipo nguvu yake ilipo. Mtu mwenye pesa anayekodi vijana mara nyingi haogopi kulaumiwa barazani. Anapolazimika kumleta shemeji yake au mshirika wake wa biashara asimame mdhamini, watu hao wenyewe humkanya. Ujue pia kwamba mpinzani naye anaweza kuleta taarifa dhidi yako au vijana wako. Ukiona mwanao anatembea na panga akisema yuko tayari, mtulize leo, kwa sababu maneno yake yatasomwa mahakamani.

Sita: amri ya zuio

Kesi ya madai ndiyo njia kuu. Stakabadhi zake ni hizi: hati ya madai na kiapo cha kuithibitisha, maelezo ya mashahidi, orodha ya vielelezo, ombi la zuio chini ya Agizo la 40 la Kanuni za Utaratibu wa Kesi za Madai za 2010, hati ya kiapo ya kuliunga mkono ombi, na cheti cha dharura kinachoeleza kwa nini jambo lisingoje. Siku hizi kesi hufunguliwa kwa mfumo wa mahakama wa intaneti na ada hulipwa huko huko. Ukiwa huna kompyuta, nenda mahakamani uulizie dawati la kuwasaidia watu.

Hati ya kiapo ndiyo moyo wa ombi. Wengi huandika hasira badala ya ukweli. Mfano wa aya isiyosaidia:

"Mshtakiwa ni mtu mkorofi, anajulikana mtaa mzima kwa dhuluma na anataka kuninyang'anya haki yangu."

Na hii ndiyo aya inayomfanya jaji ashike kalamu:

"Jumamosi, mwendo wa saa kumi na mbili unusu jioni, mshtakiwa wa kwanza alifika na watu sita kwenye pikipiki tatu. Wawili walikuwa na mapanga. Alimwambia mke wangu, nikiwa nimesimama karibu na kisima, kwamba Ijumaa ataleta tingatinga. Mmoja wao alichora X nyekundu kwenye ukuta wa mbele, picha imeambatanishwa. Niliripoti usiku huo huo. Nambari ya OB imeambatanishwa."

Siku, saa, nani, alisema nini, wewe ulikuwa wapi, ushahidi uko wapi. Usizidishe. Kama uliona watu sita, usiandike kumi na tano.

Jaji anapima mambo matatu, yaliyowekwa mwaka 1973 na Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki katika kesi ya Giella dhidi ya Cassman Brown. Je, kuna kesi yenye msingi unapoitazama mara ya kwanza? Je, bila zuio utapata hasara ambayo pesa haziwezi kuifidia? Na jaji akiwa na shaka, ni upande upi utaumia zaidi? Kwa mtu wa Mombasa hasara isiyofidika iko wazi: nyumba ya familia ikibomolewa, watoto wanahama shule, mgonjwa anatolewa kitandani, kaburi linachimbuliwa. Yaandike yote yaliyo kweli kwako. Hasara ya kibanda cha biashara peke yake inaweza kuhesabiwa kwa shilingi, kwa hivyo usiitegemee hiyo tu.

Ukiwa na haraka sana, jaji anaweza kutoa amri bila kumsikiliza mpinzani. Amri ya namna hiyo, chini ya Agizo la 40, ni ya siku zisizozidi 14, na ndani ya siku 3 tangu itolewe lazima umfikishie mpinzani amri, ombi na stakabadhi za kesi. Hapa kuna wajibu mzito: unapomwendea jaji peke yako, sema hata yale yanayokuumiza. Kama mlishawahi kushitakiana, sema. Kama ulipewa notisi mwezi uliopita, sema. Jaji akigundua ulificha, amri inaondolewa na maneno yako yote ya baadaye yatatiliwa shaka.

Katika ombi lako, andika kwa uwazi unachoomba:

- mshtakiwa, watumishi wake na mawakala wake wazuiwe kuingia, kubomoa, kuuza au kukutoa kwenye kiwanja chenye namba fulani, hadi ombi lisikilizwe, na kisha hadi kesi iamuliwe;
- kama hali ni tata, hali ibaki kama ilivyo, na amri ieleze ni ipi hali hiyo: nani anakaa wapi, nani analima wapi;
- mkuu wa kituo cha polisi cha eneo lenu, akitajwa kwa kituo chake, asaidie kutekeleza amri.

Usiiache hiyo ya mwisho. Bila jina la kituo, afisa atakuambia amri haimhusu. Na amri ya hali ibaki kama ilivyo isipoeleza hali yenyewe, pande mbili zitagombana tena juu ya maana yake.

Lugha isikutishe. Mbele ya hakimu unaweza kusema kwa Kiswahili, na kwa jaji utapata mkalimani. Ukikosa pesa za wakili, Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria, iliyoundwa chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2016, iko kwa ajili yako. Mashirika ya Kituo cha Sheria, MUHURI (la haki za binadamu) na FIDA (la mawakili wanawake) yamefanya kazi za haki hapa Mombasa kwa miaka mingi, na inafaa uyaulize mapema.

Saba: ukishapata amri

Amri ikiwa bado iko kwenye faili haimzuii mtu. Chukua nakala iliyothibitishwa na mahakama. Weka juu yake onyo la adhabu, ili anayepewa ajue kuasi kuna kifungo. Mpelekee mpinzani kupitia mpeleka hati aliyeidhinishwa, na kanuni sasa zinakubali pia barua pepe na ujumbe wa simu kupitia programu kama WhatsApp, ila kiapo cha kuthibitisha kuwasilishwa kiandikwe. Peleka nakala kwa mkuu wa kituo, chifu, na mwenye tingatinga kama unamjua. Nakala nyingine ibandike mlangoni ikiwa ndani ya karatasi ya plastiki.

Akiasi, usimvamie. Rekodi, ripoti, rudi mahakamani. Agizo la 40 linampa jaji uwezo wa kumfunga mwasi hadi miezi 6 na kukamata mali yake, na kifungu cha 29 cha Sheria ya Mahakama ya Mazingira na Ardhi kinaweka adhabu ya hadi shilingi milioni 20 au kifungo cha miaka 2, au vyote viwili. Ombi la kumshitaki kwa kudharau mahakama lifunguliwe haraka, likiwa na ushahidi kwamba aliijua amri.

Nane: ikiwa wewe ndiye mwenye hati

Sehemu hii nawaomba wenye viwanja waisome kwa makini, kwa sababu ghasia nyingi huanzia kwa mtu mwenye haki aliyekosa subira.

Ardhi yako ikikaliwa na watu bila ridhaa yako, kifungu cha 152E cha Sheria ya Ardhi, kilichoongezwa mwaka 2016, kinakutaka utoe notisi ya maandishi ya si chini ya miezi mitatu. Wakiwa kundi kubwa, notisi itangazwe kwenye angalau magazeti mawili ya kitaifa na ibandikwe sehemu zisizopungua tano ndani ya ardhi. Naibu kamishna wa kaunti na mkuu wa polisi wa eneo lazima wapate nakala. Waliopewa notisi wanaweza kwenda mahakamani chini ya kifungu cha 152F kuomba ifutwe, ibadilishwe au isitishwe.

Siku ya kuondolewa yenyewe, kifungu cha 152G kinadai wanaofanya kazi hiyo wajitambulishe, waonyeshe idhini rasmi, maafisa wa serikali wawepo kama ni kundi la watu, nguvu isipite kiasi, wanawake, watoto, wazee na walemavu walindwe, na wakaazi wapewe nafasi ya kwanza kubomoa wenyewe na kuokoa vitu vyao. Dalali wa mahakama mwenye amri na polisi ndiye anayetoa watu. Kijana aliyelipwa mitaani siye.

Njia hii inaonekana ndefu. Lakini kumbuka shamba la Waitiki kule Likoni: watu waliingia wakati wa ghasia za 1997, na hati zikaja kutolewa kwa wakaazi Januari 2016, baada ya serikali kulinunua. Miezi mitatu ya notisi si kitu ukilinganisha.

Na kwa wakaazi: anayelipa kodi ya kiwanja anakaa kwa ruhusa, kwa hivyo hawezi kudai kwamba ameimiliki ardhi kwa kuikalia miaka 12. Madai ya miaka 12 yanahitaji mtu aliyekaa wazi, bila ruhusa na bila kukatizwa, na hayafanyi kazi kwenye ardhi ya umma. Risiti zako za kodi zinakulinda usifukuzwe kiholela, lakini hazikupi umiliki.

Tisa: kama mmeshatolewa kwa nguvu

Mlango bado haujafungwa, ila ni mwembamba. Omba amri ya lazima ya kurudishwa, ambayo jaji hutoa mapema kwa kesi iliyo wazi kabisa peke yake, na omba fidia pamoja nayo. Kasi ndiyo kila kitu: anayekwenda siku ya pili baada ya kubomolewa ana nafasi, anayekwenda baada ya miezi sita atakuta ukuta wa mwingine umesimama. Ripoti ya polisi kuhusu uvamizi, orodha ya vitu vilivyoharibiwa na picha za kifusi ziandaliwe siku hiyo hiyo.

Kama aliyebomoa ni serikali, kwenye ardhi ya umma notisi ya miezi mitatu inatakiwa pia, kupitia gazeti rasmi la serikali, gazeti la kitaifa na redio. Uamuzi wa Mahakama ya Juu wa mwaka 2021 katika kesi ya Mitu-Bell ulisema wanaokaa ardhi ya umma nao wanaweza kulindwa na haki ya makazi.

Kumi: usilale baada ya zuio

Zuio likipatikana, wengi hupumua na kusahau kesi. Kanuni zinasema kesi isipoamuliwa ndani ya miezi 12 tangu zuio litolewe, zuio linaanguka lenyewe, isipokuwa mahakama iamue vingine kwa sababu ya kutosha. Andika tarehe hiyo kwenye kalenda ya ukutani, na mwezi wa kumi tangu zuio litolewe muulize wakili wako kesi imefikia wapi.

Wakati huo unafaa pia kwa mazungumzo. Mahakama ina mpango wake wa upatanishi, na viwanja vingi vya Mombasa vimeisha kwa mwenye ardhi kuwauzia wakaazi au kuwapa mikataba ya muda mrefu ya kodi. Mkikubaliana, yaandikwe, yatiwe sahihi na pande zote, na yasajiliwe mahakamani yawe amri. Mkiishia kupeana mikono barazani tu, mwenye kiwanja akifariki wanawe watasema hawakuwepo.